Kiswahili Kisikae Mkiani mwa Orodha

Katika mikutano ya walimu wa Kiswahili hapa Kampala kuna neno moja ambalo sasa limekuwa kama kiitikio cha wimbo: kwamba watoto wetu hawakisikii Kiswahili. Mwalimu huinuka akalisema, wenzake wakaitikia kwa vichwa, kisha huandikwa azimio la kuiomba serikali hiki na kile. Hatukatai kwamba neno hilo lina ukweli ndani yake. Tunalolikataa ni mahali lawama inapotupwa. Maana katika nyumba za Nakawa zenye dishi, na katika shule zake kadhaa, Kiswahili kimo ndani ya runinga iliyotundikwa ukutani. Kimo, lakini kimewekwa mkiani, nyuma ya stesheni nyingi mno, mahali ambapo hakuna kidole kinachofika. Wale wanaolia kwamba hakisikiki hawajajishughulisha kukitoa huko.

Makala haya yanahusu jambo ambalo baadhi ya wasomaji watasema halistahili kurasa za lugha, nalo ni kuipanga upya orodha ya stesheni za runinga kwa programu ya kompyuta. Sisi twaliona kuwa ni jambo la lugha tangu mwanzo wake hadi mwisho.

Kwanza yafaa tueleze orodha hiyo inatoka wapi, kwa sababu wengi hudhani kwamba imeteremka pamoja na mashine. Mitambo ya analojia ilipozimwa Kampala mwezi wa Juni 2015, runinga iliacha kuwa chombo cha kuzungushwa kwa mkono hadi picha itulie, ikawa chombo cha kusoma orodha. Wimbi moja sasa hubeba stesheni nyingi zilizofungwa pamoja, na pamoja nazo hubeba maelezo: jina la stesheni, utambulisho wake, na mara nyingi nambari ambayo mrushaji matangazo angependa stesheni hiyo ikae. Runinga inaposaka, huyasoma maelezo hayo na kuyaandika katika kumbukumbu yake. Stesheni mbili zikidai nambari moja, moja husukumwa mbali. Zile za setelaiti zisizo na nambari hupangwa kama zilivyookotwa, wimbi baada ya wimbi, na dishi likielekezwa kwenye setelaiti kubwa huweza kuokota mamia: za mahubiri, za mnada, za lugha ambazo katika Nakawa nzima huenda asipatikane mtu wa kuzielewa, na nyingine zilizobaki jina tupu bila picha. Katikati ya msitu huo ndimo zilimo stesheni za Dar es Salaam, Zanzibar au Nairobi, kwa yule ambaye dishi lake linazipata. Katika shule moja ya tarafa hii, ambayo hatutaitaja, ya kwanza ya Kiswahili tuliikuta kupita nambari 200. Mwalimu wa zamu alikuwa amekwisha kutuambia kwamba haipo.

Runinga hizi mpya ziitwazo janja zimeongeza tabaka jingine juu ya hilo. Ukiiwasha, hukuonyesha kwanza ukurasa wa makampuni ya filamu, na baadhi ya rimoti zina vitufe vyenye majina ya makampuni hayo. (Kamusi zimetupa neno kitenzambali kwa chombo hicho, watu wa Kinawataka husema rimoti, nasi hatuoni sababu ya kugombana nao.) Vitufe hivyo havikuwekwa kwa hisani. Makampuni huvilipia, kwa kuwa yanajua kwamba kidole cha mtu aliyechoka huishia palipo karibu.

Mwalimu wa lugha hapaswi kustaajabu akiambiwa kwamba mpangilio ni rai. Kamusi ya Johnson ya mwaka 1939 iliyaweka maneno yaliyonyambuliwa chini ya kitenzi mama, hata mwanafunzi aliyetafuta neno mchezo ikampasa ajue kwanza kwamba linatokana na kucheza. Kamusi ya Kiswahili Sanifu ya TUKI, iliyotoka mwaka 1981, ikayatoa maneno hayo na kuyapanga kwa abjadi, kila moja mahali pake. Maneno ni yale yale. Lakini kamusi ya kwanza yamtaka msomaji aijue sarufi kabla hajaingia, na ya pili humfungulia mlango mtoto anayejua herufi tu. Ndivyo ilivyo orodha ya stesheni. Na asidhani mtu kwamba abjadi peke yake italeta haki. Kompyuta ikiambiwa ipange kwa herufi, Azam One itatangulia, TBC na UBC zitarudi nyuma, na ZBC ya Zanzibar itafunga mlango. Mashine haijui thamani ya kitu. Ni sisi tunaojua, au tunaopaswa kujua.

Wanaoijua thamani ya nafasi ya mbele wameitungia sheria. Uingereza, kwa Sheria ya Mawasiliano ya mwaka 2003, iliamuru kwamba stesheni za utangazaji wa umma zipewe nafasi inayofaa katika miongozo ya vipindi. Na mwaka 2024 ikatunga sheria nyingine ya kuueneza ulinzi huo hadi katika runinga janja. Lakini mfano unaotugusa zaidi sisi wa lugha ni wa Wales. Huko, anayepokea matangazo kwa antena akibonyeza 4 hupata S4C, stesheni ya Kiwelisi, ilhali kwingineko Uingereza nambari hiyo hiyo ni ya Channel 4 ya Kiingereza. Stesheni hiyo haikuja kwa maazimio ya mkutano. Mwaka 1980, serikali ilipoivunja ahadi yake ya kuianzisha, Gwynfor Evans, kiongozi wa chama cha Plaid Cymru, alitangaza kwamba atafunga kula hadi afe. Serikali ikarudi nyuma mwaka huo huo, na stesheni ikafunguliwa Novemba 1982. Mzee yule alikuwa tayari kufa kwa njaa ili lugha yake iwe na stesheni. Wenzetu hawajaombwa kukosa hata chai ya jioni.

Wala hatuna haja ya kwenda mbali hivyo. Jirani zetu wa Kenya, kwa miaka mingi sasa, katika stesheni zao kubwa, husoma habari za saa 1 jioni kwa Kiswahili na za saa 3 usiku kwa Kiingereza. Huo nao ni mpangilio, wa saa badala ya nambari. Saa 1 ni saa ambayo mtoto hajalala, mama yu jikoni na mlango u wazi, baba ndiyo kwanza avue viatu. Kiswahili kikapewa saa ya nyumba nzima, na Kiingereza kikapewa saa ya waliobaki macho. Twaamini kwamba mpango huo umekipa Kiswahili cha Kenya masikio mengi ambayo darasa peke yake lisingeyapata, na hakuna mwanafunzi aliyechapwa ili asikilize.

Sasa turudi Nakawa, maana ndiko jambo hili linakouma. Tarafa yetu ina kambi ya jeshi Mbuya, ina makao makuu ya polisi Naguru, ina gereza Luzira. Tangu siku za Kikosi cha Wapiganaji wa Mfalme, enzi za mkoloni, Kiswahili nchini Uganda kimevaa sare. Mtoto wa Banda au Kiswa akiulizwa Kiswahili ni lugha ya nani, aghalabu hujibu kwamba ni ya askari, na tukimkemea kwa jibu hilo tunamwonea, kwa sababu anasema alichokisikia. Amesikia simama, kaa chini, toa kitambulisho. Kisha anakuja darasani akutane na Kiswahili cha pili, cha ngeli na mtihani. Kati ya Kiswahili cha amri na Kiswahili cha alama hana cha tatu. Hajawahi kumsikia mwanamke akieleza kwa Kiswahili jinsi ya kukaanga samaki, wala mzee akilalamikia bei ya saruji, wala mtangazaji akipandisha sauti mpira unapokaribia goli, wala watu wawili wakitaniana. Hicho cha tatu ndicho kilicho nyuma ya nambari 200. Anayekiacha huko, kisha akasimama mkutanoni kulalamika kwamba watoto wa Uganda wanakiogopa Kiswahili, hana haki ya kusikilizwa.

Wako wanaoruka hadi upande wa pili na kusema: basi na tufute stesheni zote za Kiingereza na za Kiganda katika runinga za shule, kibaki Kiswahili peke yake. La hasha. Kiswahili nchini humu kilikwisha kulazimishwa mara moja. Amri ya mwaka 1973 ilikifanya lugha ya taifa, ikatoka katika kinywa ambacho watu walikiogopa, na hofu ya kinywa ikahamia katika lugha. Tangu siku hizo, kila anayekipeleka Kiswahili mbele kwa kuvifukuza vingine huwakumbusha wazee jambo wanalotaka kulisahau. Kompyuta itakuruhusu kufuta, na itakuruhusu kupanga. Anayepanga amesema tu kwamba hiki kitangulie, na mtazamaji amebaki na uhuru wa kusonga mbele. Bukedde na wabaki, wana kazi yao, na wanaifanya vizuri.

Namna ya kufanya si ngumu. Runinga nyingi za kisasa huweza kuitoa orodha yao na kuiweka katika flashi. Faili hilo hufunguliwa kwa kompyuta. Iko programu iitwayo ChanSort, iliyoandikwa na Horst Beham, isiyolipiwa na ambayo msimbo wake u wazi kwa kila mtu. Hutumika katika kompyuta zenye mfumo wa Windows na inayasoma mafaili ya runinga za kampuni nyingi. Za Samsung za zamani hutoa faili lenye tamati ya scm na za tangu 2015 hutoa zip. Nyingi za LG hutoa tll. Za Sony huja na faili la sdb.xml. Ukilifungua, upande mmoja wa kioo utaiona orodha kama runinga ilivyoiokota, na upande wa pili orodha unayoijenga wewe. Unazivuta stesheni moja moja, au unazipa nambari, au unayasahihisha majina yake; kisha unahifadhi, unairudisha flashi katika runinga, na runinga inatii. Kazi ambayo kwa rimoti ingekula jioni tatu na subira yote ya mtu, kwa kompyuta huisha kabla chai haijapoa.

Yapo mambo ya kuangaliwa. Faili la runinga moja lisitiwe katika runinga ya aina nyingine, kwani laweza kuivuruga. Na nakala ya orodha ya kwanza itunzwe kabla ya kugusa lolote. Baadhi ya runinga, hasa za bei nafuu, hazitoi orodha kabisa. Tena programu hii haiwezi kuzipanga stesheni zinazotoka katika king'amuzi cha kulipia, kwa kuwa hizo zimo ndani ya king'amuzi wala hazimo ndani ya runinga. Mwenye chombo hicho atumie orodha ya vipendwa aliyopewa na kampuni yake, na ajue kwamba mamlaka yake yanaishia hapo. Lakini programu ina fadhila moja ambayo kwa chama kama chetu ni kubwa kuliko zote: huweza kuutwaa mfuatano uliokwisha kupangwa katika orodha moja na kuufuatisha katika orodha ya runinga nyingine, hata ya kampuni nyingine, kwa kuzilinganisha stesheni zenyewe. Maana yake ni kwamba mwalimu mmoja akipanga vizuri, wengine hawana haja ya kuanza upya.

Twajua jibu litakalokuja: hiyo ni kazi ya fundi. Fundi atapanga nini? Fundi wa runinga wa Ntinda ni mtu wa heshima katika ufundi wake, lakini hajui kwamba kipindi hiki kinamfaa mwanafunzi wa kidato cha kwanza na kile ni cha matusi. Hajui kutofautisha Kiswahili cha mtangazaji wa Zanzibar na cha mchekeshaji wa Nairobi, wala kwamba vyote viwili vinafaa, kila kimoja kwa somo lake. Kupanga orodha ni kuchagua, na kuchagua cha kusikilizwa ndiyo kazi tuliyosomea. Mwalimu anayekataa kwa kuwa kuna kompyuta ndani yake ni kama mwalimu wa zamani aliyekataa ubao kwa kuwa ulitengenezwa na seremala.

Isitoshe, kazi ya lugha imo hadi ndani ya programu yenyewe. Maneno yake yamefasiriwa katika lugha kadhaa, Kijerumani na Kituruki zikiwamo; Kiswahili hakimo. Wanangoja nani? Maneno yanayotakiwa si mengi, nayo ni mazuri kwa zoezi la darasani: panga, ficha, funga, ruka, futa, tendua, hifadhi. Mwanafunzi atakayeulizwa tofauti ya kuficha stesheni na kuifuta, na ya kuifunga na kuiruka, atakuwa amefanya somo la maana ya maneno lililo bora kuliko mengi yaliyomo vitabuni. Runinga zenye mfumo wa Android nazo zina Kiswahili katika orodha ya lugha zake, na mwalimu anayekifundisha bado ameiacha ya kwake katika Kiingereza.

Wengine watasema kwamba orodha imepitwa na wakati, vijana wako kwenye simu. Kwa kijana aliye peke yake chumbani ni kweli. Lakini katika ukumbi wa shule, katika chumba cha kungojea daktari, kwa kinyozi na katika mkahawa ulio kando ya soko la Nakawa, runinga huwashwa asubuhi na kuachwa ijisemee, na stesheni inayosema ni ile iliyo karibu na nambari 1. Hapo hakuna anayechagua. Ndipo hasa mpangilio unapotawala.

Na wale wanaoingoja serikali, tuwaulize wanangoja nini tena. Katiba ilirekebishwa mwaka 2005, Kiswahili kikawa lugha rasmi ya pili. Julai 2022 Baraza la Mawaziri likakubali kifundishwe kwa lazima katika shule za msingi na sekondari. UNESCO imekitengea siku yake, tarehe 7 Julai. Karatasi zimetosha. Wakati karatasi hizo zikiandikwa, vijana wa Kampala wasio na ruzuku ya mtu waliingia katika vibanda vya video, wakashika kipaza sauti, wakazifasiri filamu za Marekani na za Uchina kwa Kiganda huku zikiendelea, hata leo filamu isiyofasiriwa huonekana pungufu. Kiganda hakikungoja amri. Na hilo neno kibanda, waungwana, ni la kwetu pia. Walilitumia bila kutuomba ruhusa.

Twapendekeza basi mambo haya. Chama kiteue walimu watatu wa tarafa hii, wenye kompyuta na wenye masikio, waandae mfuatano mmoja: stesheni ya taifa iwe nambari 1, kwa kuwa ni ya wananchi wote, zifuatazo, 2 hadi 9, ziwe za Kiswahili zinazopatikana, zikipishana za habari, za michezo na za watoto, kuanzia 10 ziwe za Kiganda, za Kiingereza na nyinginezo, na zilizobaki majina matupu zifichwe. Nakala ipelekwe katika kila shule yenye runinga inayoweza kuipokea. Taasisi ya habari na mawasiliano iko hapa hapa Nakawa na wanafunzi wake hawatahitaji zaidi ya dakika chache kuijua programu. Chuo Kikuu cha Kyambogo, kinachofundisha walimu, kiko juu kidogo tu ya barabara ya Jinja. Tume ya Mawasiliano, inayosimamia utangazaji wote wa nchi, iko Bugolobi, nayo ndiyo ya kuulizwa kwa nini nambari zinazotumwa na mitambo hazikuzingatia lugha rasmi ya pili. Swali hilo liandikwe kwa Kiswahili. Orodha isahihishwe kila muhula, kwani stesheni huzaliwa na kufa. Na mwalimu anayeiweka shuleni kwake akumbuke kuingia katika menyu na kuzima usasishaji wa stesheni unaojiendesha wenyewe; asipouzima, mashine itasaka usiku na asubuhi ataikuta orodha imerudi ilivyokuwa.